Mkono wa Birika

Mkono wa birika ni mtu mchoyo, hodari wa kupokea na mzito wa kutoa. Sitiari imetokana na mkono wa chombo hicho, uliojikunja daima wala haunyooki. Birika lenyewe limeonewa, maana humiminia kila kikombe hadi likauke.

Jirani wa neno hili ni doezi, ajuaye saa ya ugali kuliko mpishi. Doezi hufuata chungu cha wenzake. Mkono wa birika hufunika cha kwake. Wenye vipaji hufanya yote mawili.

Sarufi nayo huwaumbua. Kauli ya kutendana hutaka pande mbili: kupeana, kuchangiana, kuzikana. Kitenzi kudoea hukubali umbo hilo, lakini watu wakidoeana, hakuna aliyepika.

Dodoma, uliotangazwa makao makuu mwaka 1973 na kuanza kupokea watumishi kwa wingi baada ya 2016, umelipatia neno uwanja mpana. Mtumishi aliyehamia huchangisha ofisi nzima kwa harusi ya bintiye. Kadi ya mwenzake ikifika, yuko Kongwa kikazi, na mtandao unasumbua.

Vijijini hila hiyo ni ngumu. Mvua za nyanda za kati hazitabiriki, na Wagogo wamezoea kuweka baadhi ya ng'ombe kwa jamaa wa mbali, ili ukame ukipiga huku, kule wabaki hai. Anayekaa na ng'ombe wa mwenzake bila kurudisha hahitaji sitiari. Huitwa kwa jina lake, mbele ya wazee.