Baga za Ikulu

Anayetaka kutengeneza filamu fupi ya vichekesho kuhusu bajeti asihangaike kutafuta mwandishi. Marekani walishaimaliza kazi. Desemba 2018 Donald Trump alidai dola bilioni 5.7 za ukuta mpakani, Bunge likamnyima, sehemu ya serikali ikafungwa siku 35. Watumishi wapatao 800,000 wakakosa mishahara; wabunge, Mungu awazidishie, wakaendelea kulipwa. Kisha lile onyesho tamu: wahudumu wengi wa Ikulu wako makwao, timu ya Chuo Kikuu cha Clemson, mabingwa wa futiboli ya Kimarekani ya vyuo, wamekuja kupongezwa, na rais anawakaribisha kwa baga za kununua, zimepangwa kwenye masinia ya fedha, mishumaa inawaka! Bili ya baga, Ikulu ilisema, alilipa mwenyewe. Ya ukuta alishaahidi ingelipwa na Meksiko.