Boza Lililozuiwa Getini

Tangi letu lilikauka Ijumaa, na Kitengela tangi likikauka nyumba nzima husimama. Kajiado ni kaunti kavu. Mabomba hayajafika mitaa mingi, na visima vingi hutoa maji ya chumvi yenye floridi, ile inayotia meno rangi ya kahawia. Watu hununua maji, na lori la tangi linaloyaleta, hapa kwetu na huko Noonkopir, huitwa boza.

Mama mkwe ni mzaliwa wa Kibokoni, Mombasa. Alikuwa ameteremka treni ya Madaraka pale Athi River siku iliyotangulia, na neno boza kwake lina maana moja tu, aliyoirithi kwa wazee wake: kileo kilichotiwa bangi.

Kazi ya kuagiza maji aliachiwa kijana wetu aliye likizoni. Aliagiza vizuri, kisha akaandika kwenye kundi la familia la WhatsApp: "Boozer inakuja saa mbili asubuhi, mfungue geti." Boza alilisikia kila siku, ila hakuwahi kuliona limeandikwa. Alilitafutia tahajia ya Kiingereza, na simu ikampa hiyo. Lori la tangi kwa Kiingereza ni bowser. Boozer ni neno la mitaani huko Uingereza, nalo ni mlevi, au kilabu cha pombe chenyewe.

Ujumbe huo ulisomwa Kajiado mjini na baba mkubwa, mwalimu mstaafu wa Kiingereza. Alisoma kilichoandikwa, herufi kwa herufi, akampigia simu mama mkwe usiku uleule.

"Shemeji, kesho kuna mlevi anakuja hapo. Usimfungulie."

"Mlevi gani, shemeji?"

"Wameandika boozer."

"Boza! Nyumbani kwa binti yangu?"

Wakaafikiana kabisa, huyu kwa Kiingereza chake na yule kwa Kiswahili cha pwani, kila mmoja akiwa na neno lake.

Asubuhi mimi na mke wangu tulikuwa tumekwama kwenye foleni ya barabara ya Namanga, na kijana amelala na visikizi masikioni. Lori lilipopiga honi, mama mkwe alikuwa ameshatia kufuli na kusimama nyuma ya geti, mchi mkononi.

"Mama, fungua, tumeleta boza!" taniboi akaita.

"Na mwasema waziwazi, mchana kweupe!"

Dereva alijaribu kueleza kwamba limelipiwa nusu. Hilo likazidisha moto, maana sasa ilibainika kuwa mkwewe ndiye mnunuzi. Lori likaondoka na lita zake elfu kumi, likazimwaga kwenye tangi la jirani. Sisi tulirudi jioni tukakuta vyombo vimejaa sinki, na mama mkwe akitaka kikao cha familia kabla ya chakula.

Kikao kilikuwa kirefu. Baba mkubwa alishiriki kwa simu, akashikilia kwamba kijana aandike neno lile mara mia kwa tahajia sahihi. Nilikataa, na ningekataa tena. Neno lenyewe la kamusi lilianza kama jina la ukoo: Sylvanus Bowser wa Fort Wayne, Indiana, aliuza pampu yake ya kwanza ya mafuta ya taa mwaka 1885, jina likahamia kwenye pampu, kisha kwenye malori ya kubeba mafuta na maji. Watu walilitwaa kwa sababu walilihitaji. Kitengela nayo imelitwaa kwa sababu ina kiu, na kijana aliyelisikia kwa taniboi amelipata mahali pake halali. Alichokosa ni kumwambia bibi yake kwa mdomo, uso kwa uso, kwamba maji yanakuja. Mama mkwe alisikiliza yote hayo, akauliza kama kile kilichozuiwa kilikuwa maji kweli, akashika kichwa.

Jumapili lori lilirudi. Safari hii geti alilifungua mwenyewe, akamsimamisha taniboi kabla hajakunjua mpira, akaomba kikombe. Alionja, akatema.

"Kisima gani hiki? Maji yana chumvi kama bahari ya kwetu. Nendeni mkateke kwengine."

Dereva akageuza gari.