Namna ya Kuipata Ofisi ya Probesheni Kabla Haijakupata

Hakimu anapotamka kwamba ripoti ya probesheni iletwe baada ya siku 14, wanaomwelewa mle ndani ni wawili: yeye mwenyewe na karani wake. Mshtakiwa amesikia "siku 14", amedhani kifungo ndicho hicho, na tayari anamshukuru Mungu. Mama yake amesikia "ripoti", na usiku huo atapekua sanduku akitafuta za shule ya msingi. Nawe, jamaa uliyeletwa kortini kwa sababu una shati la kola na salio kwenye simu, utashikwa mkono pale ngazini uambiwe, "Wewe ndiye umesoma. Tutafutie hao watu wa probesheni."

Mwongozo huu ni wako. Niliuandika kwa miguu, nikifuatilia kesi ya binamu yangu na kuku wawili ambao hawakuwa wake.

Anza na jina. Kwenye kibao cha serikali ya Kenya ni Idara ya Probesheni na Huduma za Baada ya Kifungo. Magazetini afisa wake huitwa afisa wa urekebishaji tabia. Kijijini ni "wale wa kifungo cha nje". Chagua jina kwa kumwangalia unayemuuliza. Mimi nilimuuliza soja wa lango la kwanza idara ya urekebishaji tabia iko wapi. Akanitazama kutoka kichwani hadi viatuni, kisha akanielekeza kanisani.

Halafu piga simu. Haitakusaidia, lakini nyumbani watauliza kama ulipiga. Nambari ya kwanza niliyopewa ilipokelewa na duka la vifaa vya ujenzi. Mwenye duka hakushangaa hata kidogo. Alisema wa probesheni wote humpigia yeye, na madhali nimeshapiga, saruji imeshuka bei. Nambari ya pili ilikuwa ya afisa halisi, ila alikuwa amehamishwa upande mwingine wa nchi. Alikuwa mtu mwema. Alinipa nambari ya aliyempokea kazi. Huyo wa tatu hakupatikana, na sababu yake ilikuwa nzuri kuliko zote: asubuhi alikuwa kortini, ambako simu huzimwa, na mchana alikuwa kijijini kwa watu, ambako mtandao huzimika wenyewe. Hapo nikajifunza jambo ambalo lingeniokolea salio. Afisa wa probesheni anayekaa karibu na simu kutwa nzima huenda hafanyi kazi yake.

Basi nenda mwenyewe, lakini kwanza upotee kidogo, maana hakuna aliyefika pale moja kwa moja. Wengi huanzia Magereza, na wana kisingizio: Magereza na Probesheni ni ndugu, wote wako chini ya Idara ya Serikali ya Huduma za Urekebishaji. Tofauti ni kwamba ndugu mmoja anashughulika na waliomo ndani, na mwenzake anashughulika na wale ambao korti imeona wabaki nje, pamoja na baadhi ya waliokwisha kutoka. Ukifika langoni kwa yule wa kwanza ukasema umekuja kwa ajili ya kifungo, utaulizwa swali moja tu: umeleta mtu au umejileta? Usijibu kwa utani.

Kutoka hapo utatumwa kwa chifu. Chifu atakutuma masijala ya korti. Masijala watakuuliza nambari ya kesi, nawe utasema ni ile ya kuku. Huko ndiko nilikopoteza siku nzima, kwa hiyo nitaacha mzaha kwa sentensi mbili. Andika nambari ya kesi, jina la korti, tarehe ya kutajwa tena, na jina la mshtakiwa kama lilivyo kwenye karatasi ya mashtaka. Bila hayo manne hakuna mlango utakaofunguka, na ukiwa nayo karani huyo huyo aliyekununia ataamka kitini na kukuonyesha kwa kidole.

Mjini kwetu kidole kilielekea nyuma ya jengo la korti, kupita choo, kupita mwembe, hadi kwenye chumba ambacho nilikuwa nimekipita mara nne nikidhani ni stoo. Utakijua kwa benchi. Watu waliokaa pale wamevaa mashati yaliyopigwa pasi kwa bidii, na hakuna anayeangalia mwenzake.

Sasa uko ndani, umebakiwa na swali la idara gani. Hapa wasomi hupata shida zaidi, kwa sababu wanatarajia madirisha yenye nambari. Pale kwetu kulikuwa na meza mbili, na idara ilibadilika kulingana na faili ambalo Madam, afisa mwenyewe, alikuwa amelishika. Akishika la kwanza, ni uchunguzi wa dhamana: korti inataka kujua kama huyu mtu ana makao ya kudumu au ataonekana tena siku ya mwisho wa dunia. La pili ni ripoti ya kabla ya hukumu, ndiyo iliyompeleka yule mama kwenye sanduku. La tatu ni usimamizi wa waliopewa kifungo cha nje. La nne ni huduma kwa jamii, iliyoletwa na sheria ya 1998: pale ambapo kifungo kisingezidi miaka 3, hakimu anaweza kukutuma ufanye kazi ya umma bila mshahara, ukafyeke nyasi za zahanati au upande miti shuleni. Wapo wanaouliza kama kuna marupurupu. La tano ni la waliotoka, kwa mfano vijana wa Borstal, yaani taasisi za kurekebishia vijana, za Shimo la Tewa na Shikusa, wanaorudi nyumbani na kukuta kitanda chao kimeshapata mwenyewe.

Ukikosea faili, Madam atakuambia, "Ngoja." Ukilenga sawasawa, atakuambia vilevile.

Unapongoja, mfikirie John Augustus, fundi viatu wa Boston. Mwaka wa 1841 alimsimamia kortini mlevi mmoja, akaomba akabidhiwe badala ya mtu huyo kupelekwa kifungoni. Baada ya wiki chache alimrudisha akiwa mkavu kabisa, na hakimu akamtoza faini ya senti moja pamoja na gharama za kesi. Probesheni ya Marekani hupenda kujitafutia asili hapo. Augustus hakuwa na kibao wala nambari ya simu. Aliyemtaka alimfuata kwenye kiduka chake, akamkuta ameshika nyundo. Nakiri kwamba sijaona marekebisho ya utumishi wa umma yaliyoushinda mpango huo kwa urahisi.

Lakini siri kubwa ya ofisi hii niliigundua nikiwa nimeshachakaza soli. Hii ndiyo ofisi ya serikali ambayo, wakati unaitafuta, nayo inakutafuta. Nilipofika kwa Madam nikiwa na jasho na mambo yangu manne, alifungua faili na kunisomea habari za ukoo wetu. Alikuwa ameshafika nyumbani. Alikuwa ameongea na chifu, na jirani, na mwenye kuku. Kilichomchelewesha ni jina tu. Aliuliza nyumba ya mtu aliyeandikwa kwenye karatasi ya mashtaka, na kijiji kizima kikaapa hakijawahi kumsikia, kwa kuwa tangu utotoni tunamwita Tosha. Mtoto mmoja ndiye aliyeokoa jahazi: "Ni Tosha wa kuku?"

Kwa hiyo elimu ya kumpokea afisa ni muhimu kuliko elimu ya kumpata. Usikodi viti. Usimfundishe jirani maneno, maana atayasema yote kwa pumzi moja, pamoja na "nimeambiwa niseme". Usitoe bahasha, ripoti haiuzwi, na yeyote anayekuomba ada ya ripoti ni mwizi mwenye kesi yake mwenyewe. Na tafadhali, pamoja na ukarimu wetu wote, usimchinjie kuku. Shangazi alikuwa ameshatia maji jikoni tulipomkamata mkono.

Ripoti ikisomwa vizuri, hakimu atamweleza mtu wako kifungo cha nje ni nini, kwa maneno ya kawaida, kisha atamuuliza kama yuko tayari. Sheria inataka akubali mwenyewe. Binamu alijibu "Ndiyo mheshimiwa" kabla swali halijafika mwisho, akatoka nje na kuniuliza amekubali nini. Amekubali kusimamiwa kwa muda usiopungua miezi 6 wala kuzidi miaka 3, kufika kwa afisa siku atakazopangiwa, na kutohama bila kusema. Akipuuza, atarudishwa kortini ahukumiwe kwa kosa lile lile la mwanzo, na kuku watakuwa wamefufuka.

Wiki iliyopita alinipigia simu kuuliza kama naweza kumpigia Madam nimwambie amechelewa. Nilimpa nambari ya duka la saruji.

Ofisi hufunguliwa saa mbili asubuhi na kufungwa saa kumi na moja jioni, na saa saba hadi saa nane ni chakula cha mchana. Nenda mapema, pita choo, pita mwembe. Na ile nambari ya kesi, usiiache nyumbani.