Mwongozo wa Kufundisha Historia ya Kanada Bila Kujiletea Balaa

Umepangiwa darasa la kumi katika jimbo la Ontario, ambako historia ya Kanada tangu Vita vya Kwanza vya Dunia ni somo la lazima. Hongera, mwalimu. Wanafunzi wamekwisha kukubaliana, kabla hujaingia, kwamba katika nchi yao halijawahi kutokea jambo. Usiwabishie. Imani hiyo ndiyo kinga yako.

Anza na Vimy, Aprili 1917. Wanajeshi wa Kanada waliteka kilima huko Ufaransa kilichowashinda Wafaransa, karibu 3,600 wakafa, na taifa, husemwa, likazaliwa pale. Ukifika hapo, funga kitabu. Ukiendelea utakutana na Pasaka ya 1918 katika mji wa Quebec, ambako watu waliogoma kuingizwa jeshini kwa nguvu walimiminiwa risasi na askari wa taifa hilohilo changa, na raia wanne wakauawa. Mtoto akiuliza lilizaliwa taifa la nani, kumbuka ghafla kwamba hujaita majina.

Darasa likisinzia, mtoe Mackenzie King. Waziri mkuu kwa zaidi ya miaka 21, hakuoa, na shajara zake zimejaa mazungumzo na wafu, mama yake mzazi akiwamo. Wataamka wote, hata yule wa nyuma. Ubaya ni kwamba watataka kujua bwana huyu aliwatendea nini walio hai. Hapo huna budi kuitaja sheria ya 1923 iliyowafungia Wachina mlango hadi 1947, na watu zaidi ya 21,000 wa asili ya Kijapani, wengi wao raia wa Kanada, walioondolewa pwani ya Pasifiki kuanzia 1942, serikali ikaziuza nyumba na mashua zao bila ridhaa yao. Rudi kwenye mizimu upesi.

Kura ya maoni ya jimbo la Quebec ya 1995 ifundishe kama matokeo ya mpira: wasiotaka kujitenga 50.58, waliotaka 49.42. Sababu ziache, isipokuwa kama una wiki tatu za ziada na moyo mgumu.

Na kwa hali yoyote, ukiwa Toronto, usiulize, "Babu yako alikuwa wapi mwaka 1972?" Ulitaka kusikia juu ya Paul Henderson na bao lake la hoki dhidi ya Wasovieti. Utajibiwa Manila, Mogadishu, na binti mmoja atasema Kampala: babu yake alikuwa miongoni mwa Waasia waliofukuzwa na Idi Amin, na Kanada ikawapokea maelfu yao. Kengele italia, na hoki hamjaigusa.

Zimebaki shule za bweni za watoto wa wenyeji asilia, zilizowekwa ili kuwatenga na familia, lugha na mila zao, na hapa mzaha unaniishia. Watoto zaidi ya 150,000 walipitishwa humo, na za mwisho zilifungwa miaka ya 1990, wazazi wa wanafunzi wako wakiwa wenyewe wanasoma. Serikali iliomba radhi mwaka 2008. Mwaka 2015 Tume ya Ukweli na Maridhiano, iliyochunguza shule hizo, ilitoa miito 94 ya kuchukua hatua, na ule wa 62 unadai habari hii iwe somo la lazima kuanzia chekechea hadi darasa la kumi na mbili. Ukwepaji wote niliokufundisha hapo juu haufai kitu kwenye kipindi hicho.