Gitifu Kala Mayai

Mgeni akisikia Rusizi, wilaya yetu ya Rwanda, huuliza sokwe. Sokwe wako Nyungwe na Cyamudongo, na kuwaona ni kwa kulipa. Kwetu Nkanka, huku Ziwa Kivu, wanyama huja bila tiketi na kuondoka wameshiba. Mwewe ana fungu lake kwenye dagaa wa sambaza tulioanika uani, fisi maji hutangulia nyavuni kabla ya mwenye nyavu, na mayai ni ya nguchiro. Mfuko Maalum wa Dhamana hufidia hasara ya wanyama wa mbuga za taifa, lakini nguchiro wetu hana mbuga. Anakaa migombani, jirani kabisa.

Ulinzi ni kazi ya watoto. Mama yangu aliwapa wajukuu fimbo na amri moja: msisinzie. Hawakusinzia. Walifanya urafiki.

Na nguchiro, kusema haki, ana maonyesho. Hulikumbatia yai kwa miguu ya mbele, akageuzia jiwe mgongo, akalirusha kinyumenyume katikati ya miguu, pwaa! Walinzi wetu hupiga makofi. Kabla ya kuiba husimama wima mlangoni mwa banda, pua juu, akikagua kuku mmoja mmoja kana kwamba anatafuta nani hajalipa bima ya afya ya mituweli. Ndiyo maana wakamwita Gitifu, kama tunavyomwita katibu mtendaji wetu.

Jumamosi ya mwisho ya mwezi, baada ya kazi ya pamoja ya umuganda, gitifu mwenyewe, yule wa serikali, alipita kwetu kunywa maji ya ndizi. Majirani walikuwa wamejaa uani, majembe yangali na udongo. Mama ndiyo kwanza ameanza kumsifu kwa barabara, mara kitindamimba akatoka mbio nyuma ya nyumba:

“Bibi! Gitifu kala mayai yote ya kuku mweupe! Tumemfungia stoo!”

Kila mtu akapata jambo la kutazama kwenye jembe lake. Nilimkonyeza Mama aeleze. Mama, ambaye mayai yale alishayapangia gulio, hakuniona.

“Msimfungulie!” akafoka. “Naja na fimbo!”

Gitifu akaweka bilauri chini taratibu.

“Mama,” akasema, “kabla ya fimbo, naomba kujua nimekula mangapi.”