Mbwa Wangu Anaitwa Rudisha

Tangu juzi sipiti dukani. Sukari ikiisha namtuma mtoto. Chumvi ikiisha tunakula bila chumvi. Nikikatiza mbele ya kijiwe cha bodaboda, mmoja anaanza, "Rudisha!", mwenzake anaitikia, "Uliza kwako!", na kijiwe kizima kinalalia matanki ya pikipiki kwa kicheko. Hata mzee mmoja wa kanisa, mtu ninayemheshimu, alinisimamisha njiani, akanishika mkono kwa upole kabisa na kuniuliza kama bomba limepatikana.

Yote haya ni kwa sababu nimempeleka mbwa kuchanjwa.

Tangazo lilipita jioni: kesho, uwanja wa shule, chanjo ya kichaa cha mbwa, bure, kila mwenye mbwa amlete. Ukilisikia hivyo unaona ni jambo jepesi. Lakini mbwa wa huku kwetu hajui kamba. Anajua uwanja wake, jiko lake na saa ya ugali, basi. Kwa hiyo asubuhi ile kila kitu chenye urefu kiligeuka kamba: mpira wa ndani wa baiskeli, kipande cha chandarua, waya wa umeme usio na umeme, mkanda wa suruali, na mwenye suruali akitembea huku ameishikilia kwa mkono wa pili. Mbwa wengi waliletwa na watoto, kwa kuwa watu wazima wengi wanaona aibu kuonekana wakiburutwa. Barabarani nako malori ya makaa ya mawe kutoka mgodi wa Ngaka, pale Ntunduwaro, yalikuwa yanapita na vumbi lake. Kila lori likipiga honi, msafara mzima ulirudi nyuma hatua kumi, mbwa wakiwa mbele.

Hapa sina budi kueleza habari ya majina.

Huku kwetu jina la mbwa ni barua kwa majirani. Yupo Watasema. Yupo Wivu. Yupo Mtajiju, ambaye mwenye naye hasalimiani na nusu ya kitongoji. Uzuri wa barua hii ni kwamba haina kesi. Ukimwambia mtu usoni "acha wivu", mtaitwa kwenye baraza la kata. Lakini ukisimama kwenye kizingiti chako magharibi, uso umeelekea kwa jirani, ukaita "Wivu! Wivu wee! Njoo ule!", kuna hakimu gani atakayekutia hatiani? Unamwita mbwa wako. Jirani akikasirika, amejitaja mwenyewe.

Jirani yangu aliazima bomba langu la kupulizia dawa. Aliyelima kahawa Mbinga anaelewa uzito wa sentensi hiyo. Chulebuni haingoji mtu amalize shughuli zake. Mvua zikishika na hujapuliza, punje zinaoza mtini nawe unatazama. Bomba lilikwenda, msimu ukapita, bomba halikuonekana. Mimi si mtu wa magomvi. Nilipata mtoto wa mbwa, nikamwita Rudisha.

Maelezo rasmi ninayo, na nimeyatoa mara nyingi kwa yeyote anayeuliza. David Rudisha, Mkenya, London 2012, mita 800 kwa dakika 1 na sekunde 40.91, binadamu wa kwanza kukimbia mbio hizo chini ya dakika 1 na sekunde 41. Nimempa mbwa wangu jina la bingwa wa Afrika Mashariki. Kwamba mbwa mwenyewe hajawahi kukimbia isipokuwa kukimbilia chungu, hilo si kosa la jina. Na kwamba kila jioni nasimama kwenye ua wa upande ule nikiita "Rudisha! Rudisha sasa! Rudisha, giza linaingia!", mbwa si lazima aitwe?

Jirani naye alikuwa na mbwa jike mweusi. Alikuwa akimwita "Uliza! Uliza!" Mimi nilisikia Eliza, na nilishamwambia mke wangu kuwa kumpa mnyama jina la ubatizo ni kukosa adabu.

Sasa twende uwanjani. Afisa mifugo alikuwa binti mdogo, ana kikasha cha barafu, daftari, furushi la kadi, na kipaza sauti alichoazima kanisani kwa kupangia foleni. Kipaza sauti kilikuwa kinaning'inia begani mwake. Hakikuwa kimezimwa.

"Mbwa wa nani huyu?"

"Wangu."

"Jina?"

"Rudisha."

"Nirudishe nini, baba?"

"Ndilo jina lake."

"La mbwa?"

"La mbwa."

Uwanja mzima ulikuwa unasikia. Binti akaandika, akijisomea kwa sauti ili asikosee, nayo sauti ikaenda mpaka kwenye mashamba ya ng'ambo: "Rudisha. Dume. Kahawia." Watu wakaanza kuguna. Kisha akamgeukia aliyekuwa nyuma yangu. Sikuwa nimetazama nyuma.

"Na wewe mzee, wako anaitwa nani?"

Jirani akakohoa. "Uliza."

"Ndiyo nakuuliza, baba. Jina?"

"Uliza."

"Baba, naku-u-liza!"

"Jina lake ndilo hilo," akasema jirani, taratibu, mtu asiye na haraka hata kidogo. "Kwa kirefu ni Ulizakwako. Nyumbani tunafupisha."

Sijui kama umewahi kusikia uwanja wa shule ukicheka. Kuna waliokaa chini. Kuna mama aliyeachia mbwa wake kabisa, akashika mbavu. Katika umati ule nilimwona shemeji yangu, ndugu wa mke wangu, mwenye shamba la kahawa kule bondeni. Ghafla alivutiwa mno na bati la paa la darasa la nne, akalikagua msumari kwa msumari. Mimi sijapewa ushahidi wowote, na mpaka leo msimamo wangu kuhusu bomba ni ule ule.

Mbwa wenyewe hawakuwa na barua ya kupelekeana. Rudisha alimzunguka Ulizakwako, Ulizakwako akamzunguka Rudisha. Mpira wangu wa baiskeli na kitenge cha mke wa jirani vikasokotana, mimi na yeye tukavutwa mpaka tukasimama kifua kwa kifua. Alinuka tumbaku. "Habari za asubuhi, jirani," akaniambia. Binti akasema vizuri sana, tusiachane hapo hapo, kila mmoja amshike mbwa wa mwenzake kichwa, ataacha kugeuka. Basi nikamkumbatia Ulizakwako. Sindano ikaingia kwenye ngozi ya shingo iliyovutwa juu kwa vidole viwili, sekunde moja, imekwisha. Aliyepiga kelele ni jirani, maana Rudisha alimkanyaga.

Wakati tunafunguliwa mafundo, nilianza kumuuliza binti yule maswali, na sikunyamaza, kwa sababu kila niliponyamaza kulikuwa na uso wa jirani. Ndivyo nilivyojifunza, na nakiri nimekosa usingizi kwa kustaajabu.

Kirusi cha kichaa cha mbwa hakipiti kwenye damu. Kingepita humo, mwili ungekishtukia. Chenyewe kinaingia na mate ya mbwa kwenye jeraha, kinajibanza kwenye nyama, halafu kinaingia kwenye ncha ya mshipa wa fahamu na kuanza kupanda. Kinapanda kimya kimya, kidogo kidogo kila siku, kuelekea uti wa mgongo na ubongo. Ndiyo maana aliyeng'atwa mguuni huwa na muda mrefu kuliko aliyeng'atwa usoni: ni suala la umbali. Kwa kawaida safari inachukua miezi miwili mitatu, na safari nzima hakuna homa wala dalili; mtu analima, anacheza ngoma, anahudhuria harusi. Kikishafika ubongoni kinageuka na kushuka tena hadi kwenye tezi za mate. Wakati huo huo kinamtia mnyama hasira ya kung'ata na kumbana koo asiweze kumeza, ili mate yabaki mdomoni yakiwa tayari. Kitu kisicho na ubongo kinaendesha ubongo wa mwenzake namna hiyo! Dalili zikishaanza, karibu hakuna anayepona.

Kwa hiyo kila kitu ni mbio kati ya kirusi kinachopanda na kinga inayojengwa. Ndiyo sababu ya kuosha jeraha kwa maji mengi na sabuni dakika 15 nzima, na kuwahi chanjo siku ile ile. Louis Pasteur alishinda mbio hizo mara ya kwanza Paris mwaka 1885, kwa mtoto wa miaka 9. Tarehe 28 Septemba, siku aliyofariki, ndiyo dunia inaiita Siku ya Kichaa cha Mbwa.

Na hili ndilo lililonimaliza: mbwa mmoja mwenye kichaa, kwa wastani, anaambukiza mbwa mmoja au zaidi kidogo, hawafiki wawili. Hayo watafiti waliyahesabu hapa hapa Tanzania, kwenye vijiji vya Serengeti na Ngorongoro. Ugonjwa wenyewe unajikongoja. Ukichanja mbwa 70 katika kila 100 na kurudia, mnyororo unakatika. Hata jokofu si kisingizio kikubwa tena: mwaka 2016 ilichapishwa kwamba chanjo moja ya mbwa ilikaa nyuzi joto 25 kwa miezi sita na bado ikafanya kazi. Nyuzi joto 25! Mbinga mwezi wa saba tunatafuta nyuzi 25 kwa koti na moto wa kuni.

Tulirudi nyumbani na kadi na utepe wa plastiki shingoni. Utepe ulitafunwa kabla ya chakula cha mchana.

Kadi ilitafunwa usiku.

Naye paka wetu, ambaye kazi yake pekee ni panya, alifungua ndoo ya usipa tulioletewa kutoka Mbamba Bay, akala mpaka akashindwa kutoka ndani ya ndoo.

Nikasema, basi, nifuge samaki, samaki hana jina wala jirani. Hapo ndipo kijana wangu aliponionyesha kwenye simu samaki wa ziwa letu, Nyasa, walivyo na maisha. Wale wadogo wa kwenye mawe, wa bluu na njano, ambao watoto wa Liuli wanawatazama wakiogelea bure, wanafugwa Ulaya na Marekani kwenye matangi ya vioo sebuleni. Wapo wanaouzwa kwa jina la Hongi, kisiwa chetu. Tangi lina kifaa cha kupasha maji, kipimajoto, taa, chujio, chakula chao cha kopo, dawa zao za chupa, na vitabu vizima vya kueleza jinsi jike anavyotunza mayai mdomoni mwake. Kule Ujerumani mbwa analipiwa kodi kwa manispaa, na Uingereza anawekewa chipu chini ya ngozi ili asiwepo wa kusema si wake.

Nilicheka. Kisha sikucheka.

Kwa sababu sisi hapa neno la kwanza mbwa anapong'ata mtu ni "si wangu, anapita tu". Aliyekula kwako mwaka mzima, aliyelinda kahawa yako kwenye kichanja, siku akimrarua mtoto wa watu anakuwa mpita njia. Niliwahi kuona mtoto aliyeng'atwa. Zahanati haikuwa na chanjo; wakaambiwa waende mbele. Mbele palikuwa na chanjo ya kulipia, dozi kwa dozi, na nauli kwa kila dozi. Mama yake aliuza mahindi ambayo yalikuwa hayajakomaa vizuri. Mtoto yupo, anasoma. Wapo ambao mahindi yao hayakutosha. Makadirio ya watafiti mwaka 2002 yalisema Watanzania karibu 1,500 walikuwa wakifa kwa ugonjwa huu kila mwaka. Duniani nako wanakadiriwa kufa kama 59,000 kwa mwaka, karibu wote kwa kung'atwa na mbwa, na watoto wengi wamo. Dunia imejiwekea lengo kuwa vifo hivi viishe 2030.

Chanjo ya mbwa ni rahisi mara nyingi kuliko ya binadamu aliyeng'atwa. Hilo linajulikana Geneva kwa wakubwa wa afya wa dunia, linajulikana Morogoro kwenye chuo kikuu cha Sokoine, na sasa linajulikana hata kwangu. Lakini binti yule ana kata nzima, na ratiba yake ni ya nguruwe na ng'ombe, kwa sababu nguruwe ana soko na ng'ombe ana ushuru. Mbwa haliwi, hauzwi mnadani, hasafirishwi kwa lori. Si mifugo ya kuhesabika, si mnyamapori wa kuletea watalii, na si binadamu wa kuandikiwa zahanati. Pale uwanjani, kabla ya kuondoka, nilimuuliza binti chanjo nyingine ni lini. Akafunga kikasha, akatazama vilima, akasema tutaletewa taarifa bajeti ikiruhusu.

Nikamuuliza, hiyo bajeti ya mbwa ipo kwa nani? Akacheka kwa adabu. Nilielewa. Ukiwabana wakubwa mmoja mmoja, wa mifugo, wa afya na wa halmashauri, kila mmoja atakutazama usoni na kukujibu kama sisi wanakijiji: huyu si wangu, anapita tu.