Waraka wa Njiwa na Maneno ya Pembezoni

Paliondokea njiwa, wakazi wa mji mmoja wa bandari, waliokuwa wakimngojea mfalme wao Tai arejee kutoka safari ya mbali. Katika kungoja huko baadhi yao wakafa, na waliobaki wakaingiwa na simanzi, wakidhani marehemu wao wataikosa siku ya kumwona. Mbayuwayu mmoja, fundi wa kushona mahema, aliyekaa kwao muda mfupi kabla ya kutoroshwa usiku, akawaandikia waraka wa kuwapa pole: waliokufa ndio watakaotangulia kufufuka, kisha walio hai watanyakuliwa pamoja nao, wote wamlaki mfalme angani. Wafiwa wakaelewa bila mkalimani, kwa kuwa desturi yao ilikuwa mkubwa akija, raia hutoka nje ya lango, humpokea njiani, wakaingia naye mjini kwa shangwe. Hapakuwa na mwenyeji aliyemlaki mgeni ili ahame naye.

Waraka ukasomwa penye matanga kwa karne 17 na ushei. Hata ilipofika miaka ya 1830 kwa hesabu ya wanadamu, akazuka Korongo katika kisiwa cha kaskazini, msomi wa sheria aliyeingia ukasisi, kisha ukasisi nao akauacha. Alikuwa mcha Mungu wa kweli, mwingi wa safari, na haki yake apewe. Lakini kurudi kwa Tai alikupasua mara mbili: kwanza atakuja kwa siri awanyakue walio wake, ndipo dunia iingie katika dhiki, na hatimaye aje hadharani.

Mwaka 1909 Kunguru, naye aliyepata kuwa wakili, akachapisha nyaraka zote za njiwa, na humo humo kurasani akatia maelezo yake kwa herufi ndogo, akiyafuata mafundisho ya Korongo. Kitabu kikaenea nchi nzima. Bibi njiwa mmoja aliweza kukariri ukurasa mzima akiwa amefumba macho, asijue wapi Mbayuwayu alinyamaza na wapi Kunguru alianza kusema.

Hapo ndipo viota vilipoanza kuoza. Tawi likivunjika, mwenyewe husema halina haja ya kuungwa, kwani safari i karibu. Kisima kikiingia tope, hujibiwa kwamba dhiki ni ya watakaobaki. Wakatokea wapiga hesabu waliotaja siku, siku ikapita, wakataja nyingine. Na kinda aliyeamka usiku asimkute mama yake, kumbe kaenda mtoni, alitetemeka hadi alfajiri akiamini mama kanyakuliwa naye kaachwa. Hili ndilo linalonichoma: waraka ulioandikwa kuwafuta machozi wafiwa sasa ukawaliza watoto.

Siku moja, matangani, mjane mmoja akamwomba msomaji ayafunike maelezo kwa bawa lake, asome waraka mtupu. Akasoma. Mjane akauliza, “Pale pa kuja kwa siri umeparuka?”

“Sikuparuka, mama. Hapapo.”

“Na hiyo sauti kuu, na baragumu?”

“Hayo yamo.”

“Basi ni siri gani hiyo ya kupigiwa baragumu?”

Msomaji akarudi nyuma ukurasa mzima, akaitafuta ile siri, asiione. Mjane akamwambia aanze upya, tena kwa sauti, makinda nao wasikie.